Mkate Kati ya Mikono Miwili

"Usiguse! Mikono yako ina mafuta."

Yolande aliurudisha mkono, akasimama kando ya meza na begi la shule mgongoni, gwinya la moto, andazi la mtaani, limefungwa kwenye kipande cha gazeti. Mezani, juu ya shuka jeupe, mama yake, Gaudiose, alikuwa ametandaza karatasi kumi na mbili kuukuu. Kila moja ilikuwa na picha upande mmoja na maandishi upande wa pili, na katika maandishi hayo mama na mtoto hawakujua hata herufi moja. Pembe za chini, mahali penye namba za kurasa, zilikuwa zimeliwa na panya.

"Panya gani hawa," Gaudiose alinung'unika, "karatasi yote hii, wao wanachagua namba tu!"

Yolande akamwambia, kwa Kiingereza, kwamba alikuwa amemwachia nusu ya gwinya.

"Kula wewe, mwanangu. Mimi nimeshiba."

Hakuwa ametia kitu tumboni tangu chai ya asubuhi. Lakini hiyo "nimeshiba" ilikwisha kuuzoea mdomo wake, ikawa inatoka yenyewe kama chafya. Yolande akala, mbali na meza, maana sheria ya mama yake ilijulikana: chembe ya mkate haikaribii karatasi, hata anayeila awe Papa wa Roma.

Mtoto alikuwa na miaka minane. Kiswahili alikisikia chote, hata kile cha kusengenyana, ila kukisema hakutaka. Ukimuuliza kwa Kiswahili anakujibu kwa Kiingereza, na ukimkazia macho anakujibu kwa Kizulu. Gaudiose alikuwa amegombana naye, amembembeleza, na sasa amechoka. Alimsemesha Kiswahili vilevile, akaachia hapo.

Kazi ya Gaudiose ilikuwa kujalidi vitabu. Ukweli ni kwamba siku nyingi pale Jeppestown alishona zipu za mabegi na mikanda ya mikoba, kwenye kona aliyokodi ndani ya kiwanda cha zamani cha vitanda, ubavuni mwa Karimu, fundi viatu wa Tanga. Lakini mtu akimuuliza anafanya kazi gani, alijibu bila kupepesa: "Ninajalidi vitabu." Alifundishwa na masista wa Gitega akiwa msichana, kwenye chumba kilichonukia nta na unga uliopikwa, akishona vitabu vya nyimbo vilivyochakaa. Sista Domitila hakutaka kuona gundi ya dukani. Gundi ilikuwa ya unga wa ngano, ipikwe kama uji. "Atakayekuja baada yako," alikuwa akisema, "lazima aweze kufungua ulichofunga."

Mzee Leizer alikuja Jumatatu kuweka soli kwa Karimu. Alikuwa Myahudi wa Kensington, umri themanini na kitu, kofia ya sufu mpaka masikioni. Alipoona Gaudiose anashona kitabu cha nyimbo cha kanisa la Wakongo, alisahau viatu vyake. Akaenda kwenye gari na soksi zake hivyo hivyo, akarudi na bahasha.

"Hiki nacho?" aliuliza, kwa Kiingereza. Kiingereza cha Gaudiose kilikuwa cha sokoni: kilitosha bei, saizi na "njoo kesho".

Akamwaga karatasi kumi na mbili na jalada moja la mbele. Kwenye jalada, chini ya jina la kitabu, palikuwa na maneno mawili ya wino wa buluu.

"Hayo ni majina yetu, mimi na dada yangu Freda. Mama aliyaandika mwenyewe. Na kitabu alikitunga na kukichora yeye, kwa ajili ya watoto aliowafundisha pale Doornfontein. Ni Kiyidishi. Lugha ya jikoni kwetu."

"Nani anakisoma sasa?"

"Mimi na dada yangu," alisema mzee. "Na dada yangu hataki."

Kisha akaeleza, polepole ili mama huyu amwelewe. Nyumbani lilikuwapo sanduku zima la vitabu vya watoto vya namna hiyo, arobaini, vyote vimevunjika migongo. Kwa desturi yao kitabu cha sala kikichakaa hakitupwi, kinazikwa makaburini kwa heshima, kama mtu. Hivi havikuwa vya sala. Lakini Freda alisema vimekufa, na kuliko viishie jalalani, bora vizikwe pamoja na vya sala. Jumapili atavipeleka.

Sasa, usimwambie Gaudiose kwamba kitu kimekufa. Yeye mwenyewe jina lake lilisomwa kwenye misa ya marehemu huko kwao Burundi, na wakati huo huo yuko kambini Tanzania anachambua maharage. Alipopata habari alicheka mpaka akalia. Tangu siku hiyo hamwamini mtu anayetangaza kifo bila kugusa mwili.

"Niachie hiki," alimwambia mzee. "Njooni Ijumaa saa nane, wewe na dada. Mkiona kimekufa, mzike vyote. Mkiona ni kizima, sanduku mniachie mimi."

"Freda ni mgumu," mzee alionya.

"Hata mimi."

Ndivyo ilivyokuwa. Na sasa ni Jumatano alasiri, karatasi ziko mezani, na namba wamekula panya.

Ila Sista Domitila alimfundisha kwamba karatasi usiyoweza kuisoma, isome matundu. Sindano ya kwanza huacha alama, na upande wenye matundu ndio mgongo. Gaudiose akaipanga kila karatasi picha juu, matundu kushoto, kama vitabu vyote alivyowahi kushona. Halafu akafuata picha. Kulikuwa na msichana mwenye kitambaa kichwani na kapu mkononi. Kwenye picha moja kapu lilikuwa tupu. Kwenye nyingine lilikuwa na chembe, kisha kipande, kisha kipande kikubwa zaidi, mpaka ile yenye mkate mzima uliosukwa kama nywele. Akazipanga kuanzia kapu tupu kwenda lililojaa. Nani angepanga vingine?

"Haya sikiliza," alimwambia Yolande, kwa Kiswahili. "Paliondokea msichana na bibi yake. Njaa imeingia nyumbani, kapu tupu, unaona? Bibi akasema, mjukuu wangu, nenda kaombe. Akaenda. Akakutana na ndege, wakampa chembe. Akakutana na kipofu, akampa kipande. Akakutana na askari mwenye masharubu, akampa. Akakutana na mama mwenye kichanga, akampa. Akakutana na mbwa..."

Yolande aliuliza kwa Kiingereza mbwa anatoa wapi mkate.

"Mbwa wa hadithi! Akampa. Vipande vikashikana, ukawa mkate mzima. Mwisho akafika kwa mama yake, wakautia kwenye tanuri, wakaupasha moto."

Yolande aliziangalia picha kwa muda mrefu. Kila moja ilichorwa vilevile: mikono miwili, na mkate katikati. Akasema kwamba mkate uliokatwa hauwezi kurudi kuwa mzima.

"Ukitaka hesabu nenda kwa mwalimu wako," Gaudiose akamjibu. Lakini hadithi ilikuwa imemwingia. Msichana wa kuomba alimjua vizuri mno. Jioni ile alishona karatasi zote kwa uzi uliopakwa nta, akaupaka mgongo gundi ya unga, akabana kwa mbao mbili na skrubu, akafunga kona yake.

Alhamisi palikuwa na baridi ya kukata masikio. Gundi ya unga haikukauka. Aliubandika mgongo kitambaa cheusi, akatengeneza majalada mawili ya ubao wa karatasi, na juu ya lile la kwanza, pale kwenye kapu tupu, akaweka karatasi ya jalada yenye majina mawili ya wino. Ikainuka pembe. Akaibana, ikainuka tena. Mara tatu. Na Ijumaa ni kesho, na Freda ni mgumu.

Gundi ya viatu ya Karimu ilikuwa hapo hapo, mkono ukinyooka unaifikia.

Akaitumia. Sista Domitila, kama yuko mbinguni, aligeuza uso. Karatasi ikashika papo hapo, bapa, safi. Gaudiose akajisikia vizuri kwa muda wa kama robo saa.

Karimu ndiye aliyemharibia. Alikuja kuchukua kopo lake, akainamia kitabu, akakifungua kwa kidole kimoja. Akakunja uso.

"Mama Yola. Mbona umeanza mwisho?"

"Mwisho wa nini?"

"Wa kitabu. Tazama mistari. Upande wa kulia imenyooka kama ukuta. Kushoto ndiko inakokatikakatika. Maana yake huyu aliyeandika alitokea kulia, kama sisi tunavyoandika Kiarabu chuoni. Marehemu babu yangu alimwandikia bibi barua za Kiswahili kwa herufi za Kiarabu, basi zilikuwa hivi hivi. Hiki kinafunguliwa huku." Akakigeuza kitabu, kikalala kifudifudi. "Mwanzo ni huku, mama."

Gaudiose akavuta kiti akakaa. Karatasi kumi na mbili, matundu sitini, uzi wote ule, na kesho saa nane!

Halafu akakichukua kitabu, akakifungua kwa kulia, kama Karimu alivyokilaza, akaanza kupekua. Tanuri na mkate mzima. Mbwa. Mama na kichanga. Askari. Kipofu. Ndege. Bibi na kapu tupu. Akapekua tena. Matundu hayakumdanganya: mshono ulikuwa sawa, na mpangilio ulikuwa sawa, mradi uingie kwa mlango wake. Kilichokosewa ni kitu kimoja tu. Jalada la mbele lilikuwa limebandikwa nyuma, juu ya karatasi ya mwisho, kwa gundi ya viatu.

Na hadithi. Hadithi nayo ilikuwa imegeuka, na aliipenda kidogo zaidi ile ya kwanza. Maana sasa msichana alitoka nyumbani na mkate mzima, na kila aliyekutana naye akaondoka na kipande. Askari mwenye masharubu ameunyooshea mkono. Gaudiose aliijua barabara ya namna hiyo. Kizuizi cha kwanza wanachukua sukari, cha pili wanachukua shuka, unafika mpakani na kapu tupu.

"Kumbe wanamnyang'anya," alisema.

"Sijui," Karimu akasema. "Herufi si zetu."

Yolande aliporudi kutoka shule akaambiwa hadithi ya pili. Hakuipenda hata kidogo. Aliuliza, kwa Kiingereza, ni mama gani anamchorea mtoto wake hadithi kama hiyo.

"Sijui, mwanangu. Kazi yetu ni kushona tu."

Ijumaa alifika kabla ya jua kupasha mabati. Karimu naye alikuja mapema, maana mchana ataenda Mayfair kuswali. Maji yasingefaa: tone moja, na wino wa buluu ungetiririka, majina yakaenda.

"Gundi yangu haiogopi maji hata hivyo," Karimu alisema. "Inaogopa joto. Soli nikitaka kuing'oa, natia kisu moto. Lakini soli ni mpira, mama. Hii ni karatasi ya zamani ya yule mzee."

"Nipe kisu."

"Mama Yola, mwambie mzee ukweli tu. Mwambie jalada liko nyuma, basi. Atakuelewa."

"Mzee ataelewa. Freda atazika. Nipe kisu, Karimu."

Akampa, kile chembamba kilicholiwa na tupa mpaka kikawa kama jani. Gaudiose akawasha jiko la mafuta ya taa. Akakipasha kisu, akakigusisha kwanza kwenye gazeti: likaungua, akangoja. Akagusisha tena: likapata rangi ya chai, akangoja. Mara ya tatu gazeti halikubadilika, akakiingiza kisu chini ya pembe ya jalada. Kikaenda upana wa ukucha, kikapoa. Akakirudisha motoni, akajaribu kwenye gazeti, akangoja, akaingiza. Upana wa ukucha mwingine.

Hakuna cha kusimulia hapo, ni hivyo hivyo saa tano nzima. Mwanamke mmoja anataka kununua zipu, anaambiwa njoo kesho. Karimu anaondoka kwenda Mayfair, anaaga, hajibiwi. Shingo inauma, macho yanatoa machozi kwa moshi, na mkono unaenda kama wa mtu anayemnyoa mtoto aliyelala. Mara moja tu alikosa subira, akaruka jaribio la gazeti. Harufu ikamfikia kabla ya macho. Pembe ya juu ikapata alama ya kahawia, kubwa kama punje ya maharage.

"Mjinga wewe!" alijitukana kwa sauti, kwa Kirundi, akaendelea.

Saa saba na nusu jalada likatoka lote, majina mawili salama. Akapika gundi ya unga, nzito safari hii, akalibandika kulia mahali pake, akabana. Akanawa uso kwenye ndoo.

Walifika saa nane kamili. Freda alikuwa mrefu kuliko kaka yake, miwani imening'inia kwa kamba, funguo za gari mkononi kama mtu anayeondoka sasa hivi. Yolande alikuwa ameshafika kutoka shule, amekaa kwenye gunia la Karimu na nusu mkate aliotumwa kununua, umefungwa gazetini.

Gaudiose alifungua skrubu, akamkabidhi Freda kitabu. Freda hakukifungua. Alipitisha kidole gumba juu ya pembe ya kahawia.

"Hapa pameungua."

"Ndiyo," Gaudiose akasema, kwa Kiingereza chake cha sokoni. "Mimi. Nilibandika upande mbaya. Nikatoa kwa moto. Kosa langu."

Mzee Leizer alikohoa. Freda akavaa miwani. Kisha mkono wake wenyewe, bila yeye kuuambia, ukakifungua kitabu kwa kulia.

Alitazama picha ya tanuri. Akatazama mstari wa kwanza, midomo ikacheza. Halafu akasoma kwa sauti, sauti nyembamba iliyokwama mwanzoni kama mlango wa kabati la siku nyingi. Mzee akawa anafasiri kwa Kiingereza, lakini kilikuwa Kiingereza cha hadithi, chenye maneno ambayo sokoni hayauzwi. Gaudiose alisikia mkate, alisikia barabara, mengine yakampita. Akamgeukia binti yake.

"Yola. Anasemaje?"

Yolande aliangalia viatu vyake. Akamwangalia mama yake, macho mekundu kwa moshi.

"Anasema..." Akameza mate. "Mama yake amepika mkate. Anasema, peleka kwa bibi."

Kiswahili chake kilichechemea, lakini kilikuja. Freda alisoma, Leizer akafasiri, Yolande akamwambia mama yake. Mbwa alilala njiani, mbavu zimetoka. Msichana akamkatia. Mama mwenye kichanga hakusema kitu, kichanga ndicho kililia. Msichana akamkatia. Askari alikuwa anarudi vitani na aliona haya kuomba, akajifanya anauliza njia.

"Akamkatia," alisema Yolande, bila kungoja Leizer.

Gaudiose alishika ukingo wa meza. Mikono miwili, mkate katikati. Haombi. Hawamnyang'anyi. Anagawa! Siku tatu amezishika picha zile na hilo halikumjia hata mara moja.

Freda alifika karatasi ya mwisho. Alikuwa amekwisha kukaa kwenye kigoda cha Karimu bila kukaribishwa. Akasoma polepole zaidi. Leizer akafasiri.

"Bibi ameangalia kapu," Yolande alisema. "Hakuna kitu. Msichana analia. Bibi akauliza, huko njiani, wamekula? Msichana akasema, wamekula. Bibi akasema..." Akamtazama mama yake, akamtazama kwa namna ambayo mtoto hamtazami mtu mzima kila siku. "Bibi akasema, basi nami nimeshiba."

Nje lori lilipita, kioo kikatetemeka.

"Anadanganya," Yolande akasema.

"Nani?"

"Bibi. Hajala. Anadanganya kama wewe."

Freda akauliza mtoto amesema nini. Yolande akamwambia, kwa Kiingereza, waziwazi, bila kupunguza. Gaudiose alitaka ardhi ipasuke. Lakini Freda alivua miwani, akaifuta kwa ncha ya koti, akakawia kuirudisha.

"Ni kweli," alisema. "Mama yetu alidanganya. Kila jioni, mimi na Leizer tukila."

Akainuka, akampa kaka yake funguo. "Sanduku," alimwambia. Mzee akatoka mbio, kadiri mbio zilivyowezekana kwa miaka ile, maana jua la majira ya baridi haliwangoji watu ambao Sabato yao huingia jua likizama. Akarudi amelikumbatia, kofia imempanda kichwani. Freda alikionyesha kitabu cha juu, kisicho na jalada kabisa.

"Hiki nacho kimeliwa namba," alisema.

"Nitasoma matundu," Gaudiose akajibu. "Na nitaanzia kulia."

"Wiki ijayo nitakuja. Nikusomee, usikisie." Freda akageuka mlangoni. "Mtoto awepo."

Gari lilipoondoka, Gaudiose aliliweka sanduku juu ya shuka jeupe, akatoa kile kitabu cha juu, akakiinua kwenye mwanga wa dirisha kutafuta alama za sindano ya kwanza. Nyuma yake gazeti likachakarika. Yolande alikuwa anaukata ule nusu mkate kwa mikono. Akaja mpaka mezani, akaweka kipande kimoja palepale, kati ya uzi na bakuli la gundi, makombo yakadondoka juu ya shuka.

"Mimi nime..." Gaudiose alianza.

Yolande alisimama tu, hajaondoa mkono.

Gaudiose alilisogeza sanduku upande, shubiri moja hivi, akala.